Mzingo Ulioizuia Alhamisi

Mtu asichukue ramani kuitafuta nchi ya Mangojo. Haimo. Wachora ramani walipofika kwetu tuliwaambia wasubiri kidogo, waziri yuko njiani, nao wakachoka, wakaenda kuchora nchi za wenzetu. Kwa hiyo haya ninayoyasimulia hayamhusu mtu yeyote mwenye cheo, na atakayeona yanamhusu ajue nguo imemwenea tu, haikushonwa kwa kipimo chake.

Sisi Wamangojo ni watu wa heshima. Mkubwa akisema jua linawaka, tunaanika mahindi. Mvua ikiyalowesha mpaka yakaota, tunamshukuru kwa kutupatia kimea. Na miongoni mwetu hapakuwa na mwenye heshima kumshinda Tindwa Makorere, Daktari wa Falsafa.

Udaktari wake ulikuwa wa alama za kale. Aliupata kwa tasnifu nene ambayo wasahihishaji waliipima kwa kuinyanyua. Sura ya nne hata yeye mwenyewe hakuwahi kuisoma. Aliiandika akiwa na homa ya matumbo, na alipopona aliogopa kuirudia. Ikulu ilimwajiri kuwa Mshauri wa Nembo, Mapambo na Mambo Yanayofanana na Hayo. Kazi yenyewe ilikuwa kuamua bendera zikae upande gani wa meza, na maua ya plastiki yapanguswe vumbi lini. Tindwa aliijua hali yake. Kila asubuhi akifunga tai mbele ya kioo alijiambia, "Haya, bwana maua, twende ukalijenge taifa," na mkewe Nambeyu, akimsikia kutoka chumbani, alicheka mpaka akakohoa.

Nambeyu alikuwa mwalimu wa hesabu, na wakati huo alikuwa mjamzito. Ilikuwa mimba yao ya kwanza, iliyokuja baada ya miaka mingi ya kuulizwa maswali na mashangazi wa pande zote mbili. Tindwa aliilea mimba ile kama yai la kuazima. Mkewe akiinama kuokota kijiko, yeye anapiga yowe.

Sasa mwaka ule muhula wa Mtukufu Rais Ndelema ulikuwa unakwisha. Katiba yetu tuliiandika siku moja tukiwa na furaha, hatukufikiri vizuri, tukaweka kwamba Rais ataondoka madarakani Alhamisi ya kwanza baada ya masika. Muhula ulikuwa umeshaongezwa kwa njia zote zinazojulikana duniani: kwa kura, kwa maandamano ya hiari yaliyosimamiwa na polisi, na kwa ndoto aliyoiota Spika. Njia zikawa zimekwisha, na masika nayo yakakatika.

Siku ya Jumanne, Mheshimiwa Chiponde, Waziri wa Nyakati na Majira, aliitisha kikao cha dharura. Alianza kuzungumza wakati chai ikimiminwa, na chai ilipopoa alikuwa bado yuko kwenye salamu. Tindwa alikaa mwisho wa meza, nyuma ya chombo cha maua, akipambana na usingizi. Ili asilale akaanza kuchora pembeni ya ajenda. Kwa kuwa hotuba ilikuwa inatambaa, mkono wake ukachora konokono: gamba linalojizungusha kwenda ndani, na juu yake pembe mbili zilizosimama.

"Dokta Makorere," Waziri akanguruma, "ni nini hicho unachochora wakati taifa liko njia panda?"

Mtu mwenye akili timamu angesema, "Konokono, Mheshimiwa, naomba radhi." Lakini Tindwa alikuwa msomi.

"Ni Mzingo, Mheshimiwa," alisema.

"Mzingo ndio nini?"

"Ni alama ya wahenga." Ulimi ulikuwa umeshatoka nje bila yeye, ikabidi aufuate. "Wahenga wa Mangojo waliichora walipofikwa na jambo zito. Ikishachorwa, wakati hauendi mbele. Unazunguka kuingia ndani, hivi, hivi, mpaka unajilalia."

Waziri akainuka, akaja kuinama juu ya karatasi. "Na hivi vijiti viwili?"

"Hivyo ni leo na kesho, Mheshimiwa. Tazama, havigusani."

Chiponde alivua miwani, akaipangusa, akaivaa tena. Machozi yalikuwa yanamlenga. "Na hili limeandikwa wapi?"

"Sura ya nne ya tasnifu yangu," alisema Tindwa.

Kesho yake asubuhi, Jumatano, Mzingo mkubwa wa bati uliopakwa rangi ya dhahabu ulipandishwa juu ya mnara wa Bunge. Mafundi waliutengeneza usiku kucha, na kwa kuwa waliambiwa ni kitu kitakatifu, hawakuthubutu kuuliza kwa nini kina pembe. Uwanjani watu walijaa. Mheshimiwa Chiponde alishika kipaza sauti kwa mikono miwili.

"Wananchi! Mataifa mengine yanakimbizana na wakati, yanahema, yanatokwa jasho, na bado yanachelewa. Sisi wana wa Mangojo tumeukamata wakati, tumeukalisha chini, na tumeuletea kiti! Kuanzia sasa, chini ya Sheria ya Kuutuliza Wakati, leo ni Jumatano, na itaendelea kuwa Jumatano mpaka maendeleo yatakapotufikia. Alhamisi ni siku ya kigeni. Nani kati yenu amewahi kunufaika na Alhamisi?"

Tulitazamana. Kwa kweli hakuna aliyekumbuka. Tukapiga makofi mpaka viganja vikawaka moto.

Basi tukaingia Jumatano, tukaizoea. Binadamu huzoea hata kiatu kinachobana. Masheikh walilalamika kidogo kuhusu Ijumaa, na mapadri kuhusu Jumapili. Wakaruhusiwa kusali Jumatano yoyote watakayoipenda. Wanafunzi wa darasa la saba wakabaki darasa la saba, sare zikiwapanda magotini. Wajane waliokuwa eda wakabaki eda. Wenye maduka waliokuwa wamebandika tangazo la "Leo fedha, kesho mkopo" wakapongezwa na serikali kwa kuona mbali. Ndizi tu ndizo zilizokaidi. Ziliendelea kuiva hadharani, na mgambo wakawa wanazikamata sokoni kwa uchochezi, wakizila kama ushahidi.

Ndevu zikawa tatizo. Mtu akinyoa, anakiri kwamba zilikuwa zimeota, na kama zimeota basi kuna siku zimepita. Mawaziri wote wakaacha kunyoa. Ukipita karibu na Baraza la Mawaziri ungedhani ni mkutano wa mitume.

Na Tindwa? Tindwa alipanda cheo, akawa Mlinzi Mkuu wa Mzingo. Alipewa gari jeusi, dereva, na usinga wa mkia wa nyumbu. Watu walimwendea kumwuliza maswali mazito, kama vile uji uliobaki tangu Jumatano asubuhi unahesabiwa umechacha au la, naye akawajibu kwa sauti nzito na maneno ambayo hata yeye aliyasikia kwa mara ya kwanza. Usiku alikuwa akijicheka shukani. Lakini siku moja alipita chini ya mnara peke yake, hakuna mtu wa kumwona, akajikuta amevua kofia na kuinamisha kichwa mbele ya konokono wake mwenyewe. Alirudi garini akicheka mpaka dereva akamwuliza, "Kuna habari njema, Mzee?"

"Kuna mjinga mmoja namfahamu," alisema Tindwa. "Ameanza kuamini uongo wake."

Dereva, ambaye alikuwa Mmangojo wa kweli, akajibu, "Hongera zake."

Tumbo la Nambeyu halikusoma gazeti la serikali. Liliendelea kukua. Mwanzoni Tindwa alifurahi kulitazama, kisha akaanza kulitazama kwa wasiwasi, kisha akawa analifunika na kanga wageni wakija. Walimu wenzake Nambeyu walimwambia amenenepa vizuri. Hakuna aliyesema neno jingine.

"Wewe mwenyewe unajisikiaje?" Tindwa alimwuliza asubuhi moja.

"Najisikia kama mwalimu ambaye kengele imekwisha kulia na mlango umefungwa kwa nje," alisema Nambeyu. "Nipeleke hospitali, Dokta."

Alipomwita Dokta, Tindwa alijua hakuna mzaha.

Katika kliniki ya hospitali kuu aliwapokea Sista Kolekwa, muuguzi mnene mwenye sauti ya upole. Akachukua kadi ya Nambeyu, akaisoma, akaigeuza, akairudisha mezani bila kumtazama mtu.

"Mama, hapa inasema utajifungua mwezi ujao."

"Mwezi ujao umekuja ukapita, sista. Nitazame."

"Ninakutazama, mama. Ninaona Jumatano."

"Mume wangu ndiye Mlinzi wa Mzingo," Nambeyu akasema, na Tindwa akatamani ardhi impasukie.

Sista Kolekwa akamgeukia sasa. Akainuka, akafunga mlango. "Basi, baba, nikuulize wewe unayeujua," alisema kwa sauti ya chini. "Tulikuwa na mkunga hapa, Bi Sikudhani. Alimzalisha mama aliyekuwa hivi hivi, maana kichwa cha mtoto kilikuwa kinaonekana, angefanya nini? Wakasema amemshawishi mtoto kuitangulia serikali. Amefungwa wiki moja. Wiki moja tu, kifungo kidogo. Sasa niambie, baba, hiyo wiki itakwisha lini?"

Tindwa akilini alimwona mwanamke asiyemjua amekaa sakafuni gerezani, juu yake ukutani kuna konokono. Kwa mara ya kwanza tangu siku ya kikao hakuona cha kuchekesha.

Walipotoka nje Nambeyu alishika ukuta, akauma mdomo. Uchungu wa kwanza ulikuwa umemshika. Ulipomwachia, akaketi kwenye benchi la korido, akamvuta mumewe tai mpaka nyuso zao zikakaribiana.

"Konokono wako amelala katika njia ya mwanangu," alisema. "Mwondoe."

"Ulijua ni konokono?"

"Tindwa, siku ya kwanza tu nilijua. Nilifikiri utachoka naye kabla sijachoka mimi." Akamwachia tai. "Nenda. Mimi sitaondoka hapa. Wakitaka kunifunga, watanifunga na benchi lao."

Tindwa alikimbilia wizarani. Alimkuta Mheshimiwa Chiponde nyuma ya meza, ndevu zimefika kwenye kifungo cha tatu cha shati. Akamweleza yote, mke, benchi, uchungu, mkunga aliyefungwa. Waziri alimsikiliza kwa huzuni kubwa.

"Dokta, nakuhurumia kama baba. Lakini kuzaa ni jambo linaloelekea mbele, na sera yetu ni ya hapa hapa. Tukimruhusu mkeo, kesho watu wote watataka kuzaa."

"Kesho ipi, Mheshimiwa?"

Chiponde alishtuka, akatazama mlango. "Usinitege, ndugu yangu. Hata hivyo, ni vizuri umekuja. Mtukufu anakuita tangu asubuhi. Nenda Ikulu haraka, na usiseme neno lolote linaloanza na 'me' wala 'ji'."

"Kwa nini?"

"Utaona."

Ikulu ilikuwa kimya kama nyumba yenye msiba. Mtukufu Rais Ndelema alikuwa ameketi peke yake kwenye sofa, shavu limevimba kama limefichwa limau, kitambaa kimefungwa toka kidevuni hadi utosini. Ndiye baba wa taifa, yule ambaye picha yake hutazama chini katika kila ofisi. Alikuwa analia machozi.

"Jino," alisema. "La nyuma kabisa."

"Pole sana, Mtukufu. Daktari wa meno?"

"Yuko hospitali kuu. Bingwa, nimemwagiza mwenyewe. Miadi yetu ni Alhamisi." Akashika shavu, akanguruma kwa maumivu. "Nimempigia simu. Anasema anaiheshimu sheria yangu."

Tindwa alipiga magoti. Akilini akamwona Nambeyu kwenye benchi, na yote yakamtoka kwa mkupuo. "Mtukufu, nisamehe. Hakuna Mzingo. Hakuna wahenga. Nilikuwa nasinzia kikaoni, nikachora konokono."

Alingoja bunduki. Rais akamtazama kwa jicho moja, lile la upande usiovimba.

"Kijana," alisema, "mimi nimekulia bondeni, kwenye mashamba ya mpunga. Konokono namjua kuliko wewe. Nilipoletewa ule mchoro nilisema, leo nitachekwa na nchi nzima. Nikawatazama mawaziri: wanalia. Nikawatazama maprofesa: wananukuu. Nikawatazama wananchi: wanapiga makofi. Nikasema, kama hawa wote wameridhika, mimi ni nani nimkatae konokono?"

Rais akakikaza kitambaa chake kichwani.

"Ushushe basi, Mtukufu," Tindwa akasema. "Alhamisi iingie. Jino litang'oka, na mke wangu atajifungua."

"Alhamisi ikiingia, mimi ninatoka. Katiba imesema." Rais akashika shavu tena. "Hapana. Nitafutie Alhamisi ndogo. Wewe ni msomi. Nitafutie Alhamisi ya kutosha jino tu."

Tindwa alitaka kusema kwamba Alhamisi haiuzwi kwa vipande kama sabuni. Lakini alikuwa ameidanganya nchi nzima kwa ajili ya kujiokoa na aibu ya dakika moja. Akaona hawezi kukosa uongo mmoja wa mwisho kwa ajili ya mwanawe.

"Ipo, Mtukufu," alisema. "Inaitwa Alhamisi ya Matibabu. Inakaa ndani ya ukuta wa hospitali kuu, haivuki lango. Nje ni Jumatano kama kawaida."

"Na nikiwa nje?"

"Ukiwa nje ni Rais, Mtukufu."

"Na nikiwa ndani?"

"Ndani utakuwa mgonjwa, Mtukufu."

Maumivu yalipiga tena. Rais hakuuliza zaidi. Akanyoosha mkono kuitafuta simu ya redio ya taifa.

Tangazo lilisomwa mara moja. Tindwa alipofika hospitali, gari lake jeusi halikuweza kupita. Mangojo nzima ilikuwa imeugua ghafla. Wajane walishika viuno. Wanafunzi wa darasa la saba walichechemea, kila mmoja mguu tofauti na ule aliouchechemea dakika iliyotangulia. Bendi ya polisi ilikuja na ala zake, ikisema ina kifua. Watumishi wa serikali, waliokuwa wakingoja mwisho wa mwezi tangu mwezi ule ulipokufa, walikuja wamebebana. Askari magereza waliwaleta wafungwa wote kwa tumbo la kuhara, na wao wenyewe wakajiunga, maana likizo zao zilikuwa zinaanza Alhamisi.

Mlinzi wa lango alikuwa akimwuliza kila mtu, "Unaumwa nini?" na kila mtu alikohoa, naye akasema, "Pole, pita." Waliokwisha kupita walisimama upande wa pili, wakatazama mikono yao, wakaanza kucheka. Mjane mmoja alivua nguo zake za eda pale pale getini, ndani alikuwa amevaa gauni la maua. Inaonekana alikuwa amelivaa siku nyingi.

Miongoni mwa wafungwa alitoka mwanamke mwembamba aliyevaa sare ya gereza. Hakucheka wala hakusimama. Alipita katikati ya watu kama anayechelewa kazini, akaingia wodi ya wazazi, akakunja mikono ya sare, akanawa mpaka kwenye viwiko. Sista Kolekwa alipomwona aliangusha trei.

"Bi Sikudhani!"

"Wiki imekwisha," alisema mkunga. "Nani yuko tayari?"

"Mimi," Nambeyu akaita toka benchini, jasho likimtiririka. "Mimi, tangu mwezi uliokwenda kwa jina lolote mtakalolitaka."

Tindwa alimkimbilia, yeye na sista wakamshika huku na huku, wakamwingiza. Mlangoni Bi Sikudhani alimsukuma Mlinzi Mkuu wa Mzingo kifuani kwa kidole kimoja. "Wewe baki nje, baba. Umefanya ya kutosha." Hakujua Tindwa ni nani. Tindwa alijua, na akabaki nje.

Hapo ndipo msafara wa Rais ulipowasili. Mheshimiwa Chiponde aliteremka kwanza, akatandika zulia jekundu mpaka kwenye mstari wa lango, akaacha hapo hapo. Yeye mwenyewe hakuvuka. Rais akavuka. Watu wakampisha. Akafika mapokezi, ambapo Sista Kolekwa alikuwa amerudi kwenye kiti chake kwa kuwa hapakuwa na mwingine.

"Jina, baba?"

Hakuna aliyewahi kumwuliza jina lake. "Ndelema," alisema.

"Kazi?"

"Rais."

Sista Kolekwa alishika kalamu, akaisimamisha hewani. Sauti yake ilibaki ile ile ya upole. "Leo ni Alhamisi, baba. Hapa ndani itabidi niandike mstaafu."

Walinzi waliitazama sakafu. Bendi ya polisi ikaacha kukohoa. Rais alifungua mdomo ili aseme neno ambalo lingetupeleka sote pabaya, na hewa ya baridi ikaingia mle mdomoni, ikaligusa lile jino.

"Andika!" alilia. "Andika upesi!"

Akapelekwa chumba cha meno. Kwa muda watu wote waliokuwa katika hospitali ile walikaa wakisikiliza milango miwili. Tindwa alitembea huku na huko, akarudi, akatembea tena, akajaribu kuomba akagundua anaomba kwa maneno ya hotuba, "kwa heshima na taadhima," akajiona mpuuzi, akaanza upya: "Ee Mungu, tafadhali." Kutoka chumba cha meno kikatoka kishindo cha koleo kuangukia sahani. Na kabla hakijaisha kupiga mwangwi, wodini mtoto alilia.

Alilia kwa hasira, kama mtu aliyezuiliwa mlangoni muda mrefu na sasa anamtaka msimamizi.

Mjane mwenye gauni la maua alipiga kigelegele. Bendi ikaanza kupiga, bila kuambiwa wimbo gani, kila mmoja wimbo wake.

Mzee Ndelema alitoka na pamba mdomoni, nusu ya uso imekufa ganzi. Alitaka kuhutubia, kikatoka kitu kama "mmfu." Watu wakashangilia, maana ndiyo hotuba yake fupi kuliko zote. Bibi mmoja aliyekuwa benchini alisogea, akapigapiga nafasi iliyo wazi kando yake. "Kaa, baba, usianguke. Ganzi hiyo ina kizunguzungu." Mzee aliitazama ile nafasi. Wapo watu wanaoapa kwamba goti lake lilianza kukunjika.

Kisha akatazama langoni. Upande wa pili lilikuwa zulia jekundu, na Chiponde ameinama, na gari lenye bendera mlango wazi. Mzee akajinyoosha. Akatembea mpaka kwenye mstari, akavuka, akawa Rais tena. Akapigiwa saluti na askari mmoja ambaye hakuugua, kwa sababu alikuwa kiziwi na hakulisikia tangazo. Msafara ukaondoka kurudi mjini, ambako hakukuwa na mtu.

Sista Kolekwa alimwita Tindwa wodini, akampa mtoto, amefungwa kanga. Ni msichana. Tindwa akasimama naye kama mtu aliyekabidhiwa bakuli la maji yaliyojaa mpaka ukingoni.

"Jina lake?" aliuliza sista.

"Mwanahamisi," alisema Nambeyu kitandani. Sauti ilikuwa imekauka, lakini aliitamka herufi kwa herufi, kama anavyolisomea darasa jibu sahihi.

Nje, chini ya dirisha, mtu alikuwa anaita. Nambeyu akageuza kichwa. "Nani huyo anayepayuka?"

"Mheshimiwa Chiponde. Inaonekana wamemwacha." Tindwa akasikiliza. "Anasema nirudi jana."

"Kuna nini huko jana?"

Tindwa akafikiri kwa uaminifu. "Gari," alisema. "Na usinga."

"Na hapa una nini?"

"Hapa ni Alhamisi, hakuna Mzingo wa kulinda. Sina kazi."

"Mbona umebeba mtoto?" alisema Nambeyu, akafumba macho kupumzika.

Tindwa akasogea dirishani na binti yake mikononi. Waziri alikuwa amesimama barabarani peke yake, ng'ambo ya ukuta, ndevu zikipepea. "Dokta! Rudi! Huku wewe bado ni mtu mkubwa!"

"Mheshimiwa, nimepata mtoto!"

"Umepata nini?"

Tindwa akamwinua mtoto ili aonekane. Kanga ikafunguka, na Mwanahamisi akamkojolea baba yake, kuanzia kwenye tai mpaka kwenye soksi, bila haraka. Daktari wa Falsafa alisimama vile vile, hakuthubutu kutikisika, akicheka huku machozi yanamtoka, na nyuma yake wodi nzima ikicheka naye.

Chiponde alitazama juu kwa muda mrefu. Kisha akatazama kulia, barabara tupu. Akatazama kushoto, barabara tupu. Akavua beji yake ya uwaziri, akaitia mfukoni, akaanza kutembea kuelekea langoni taratibu. Na alipofika karibu na mlinzi akaweka mkono kifuani, akakohoa.